Maelezo ya Mchonga Funguo

Kibanda kipo Buguruni, jirani na Malapa,
mashine moja, tupa tatu, kufuli za kuning'inia.
Nasema "kibanda kipo". Zamani ningesema vingine.
Ngoja, utaelewa.

Ilikuwa Alhamisi, alasiri, umeme umekatika,
nimeshika ufunguo nusu, yamebaki meno mawili.
Mbwa wa Bi Mwamvita ndiye aliyeanza:
mwizi alipita na kuku kwapani,
naye akamtazama, akapiga mwayo,
akarudi kulala kwenye mchanga wa ujenzi.
Kisha kunguru. Unawajua kunguru wa jiji hili,
hawamwachii maiti hata kope.
Mmoja akatua na utumbo wa samaki,
akauweka mbele ya paka,
akasogea hatua mbili, kama mwenyeji aliyealika.

Watu tulikuwa wa mwisho.
Mangi Kiwelu alitoka dukani kumfukuza mtoto
aliyechota sukari kwa kiganja.
"Acha! Hiyo ni sukari ya—"
Akasimama. Mdomo wazi, ulimi unapapasa
kama mkono unaotafuta swichi gizani.
Si kwamba alilisahau. Kusahau kuna kovu,
unajua hapa palikuwa na kitu.
Pale palikuwa laini.

Yangu, langu, changu, wangu, zangu, pangu:
zilikwenda na ngeli zake zote.
(Hapa nazinakili kutoka daftari la mtoto wa shule.
Nikizisoma ni mlio tu, bati likigongwa.)
Yako ilibaki. Yake ilibaki.
Lakini ukimwambia mtu "hii yako",
aligeuka nyuma kuona unasema na nani.

Usiku ule hakuna aliyefunga mlango.
Msiuite wema.
Tulisimama tukizigeuza funguo viganjani,
vyuma vya kuchekesha, vyenye meno na havili.
Tarehe mosi mwenye nyumba alifika na kitabu cha risiti,
akakaa barazani, akanywa chai, akauliza
nyumba hii ya nani. Wapangaji wakasema hatujui.
Akasema, basi karibuni.
Wakasema, karibu nawe.
Sisimizi wa vichuguu viwili waligombania punje moja
kwa kusukumiana: chukueni nyie, chukueni nyie,
hadi alfajiri.

Nilicheka sana siku zile, sikatai.

Siku ya sita mtoto wa Sikudhani,
yule anayejifunza kutembea, akatumbukia mtaroni.
Tulikimbia wote.
Mama yake alikimbia pia, katikati yetu,
kwa kasi ileile kama sisi.
Hilo ndilo lililonitoa jasho.
Mtoto akatolewa mzima, tope hadi masikioni,
akanyoosha mikono kwa yeyote,
akapokewa na yeyote.
Sikudhani akabaki pembeni,
maziwa yakimlowesha kanga,
hajui mwili unamdai nini.

Siku ya tisa, Ijumaa, kabla ya adhana,
umeme ukarudi na mbwa akabweka.
Ukasikika ukelele mmoja, "Mwanangu!"
wa siku tisa uliotoka kwa mkupuo,
na mtaa mzima ukakumbuka vitu vyake:
ndoo, viti, mipaka, madeni, waume.
Mangi akapima sukari upya.
Paka akapigwa mdomo wa jicho.
Foleni ya funguo ilifika barabarani;
nilichonga arobaini na moja hadi saa nne usiku,
na kila aliyepokea alibana ngumi.

Kwenye kibanda hiki halikurudi.
Labda lilipita wakati mashine inapiga kelele.

Ukutani kuna picha: mwanamke, gauni la kijani,
ameshika mkono wa mtu anayefanana na mimi.
Wanasema ndiye Tausi, alifariki mwaka wa mafuriko.
Majirani bado hunipa pole.
Naipokea kama barua iliyokosea mlango.
Naiweka pakavu, juu ya kabati,
mwenyewe akija aikute.